Zuia Mchezo, Usimzuie Ndugu



Sifa zote njema anastahiki Allah (s.w.), na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), aali zake na sahaba zake.

Ama baada ya hayo, ndugu wanafunzi, katika gazeti letu la mwaka huu tumeona tuzungumzie jambo ambalo wengi wenu mnalijua kuliko sisi walimu wenu, nalo ni mialiko ya michezo inayoletwa na simu. Mtu amekaa zake, simu inalia. Anaifungua akidhani ni habari ya nyumbani, kumbe fulani bin fulani anamwalika kwenye mchezo wa peremende, wa shamba, wa kuzungusha gurudumu au wa kukisia matokeo ya mpira. Anaifunga. Haipiti saa, inalia tena.

Swali mnalotuuliza baada ya darasa si la namna ya kubonyeza. Kubonyeza mnajua. Mnachouliza ni hiki: je, nikikataa nitakuwa nimepuuza mwaliko wa Muislamu mwenzangu? Na nikiuzuia usije tena, nitakuwa nimekata udugu? Hili ni swali zuri, kwani anayeliuliza ameonesha kuwa anaujua uzito wa mwaliko. Jibu letu kwa ufupi ni kuwa mwaliko wa mchezo hauna haki ya mwaliko, na kuuzuia si dhambi wala si utovu wa adabu. Lakini yule ambaye jina lake limetokea kwenye mwaliko ni ndugu yako, na haki yake iko palepale. Haya ni mambo mawili, na kosa linaingia pale tunapoyachanganya.

HAKI YA MWALIKO

Sote tumesoma katika darasa la hadithi kuwa Muislamu ana haki juu ya Muislamu mwenzake, na miongoni mwa haki hizo ni kuitika anapoalikwa. Imepokelewa na Abu Hurayra (r.a.) katika Bukhari na Muslim. Imetajwa pamoja na kurudisha salamu, kumtazama mgonjwa na kusindikiza jeneza, na mambo yanayotajwa safu moja na jeneza si mambo madogo. Hata desturi zetu za hapa zinakubaliana na hilo. Mtu aliyealikwa harusini au kwenye shughuli asiende, bila udhuru, husemwa mwaka mzima.

Lakini wanazuoni wetu hawakuishia kusema itikia tu. Wanazuoni wa madhehebu ya Imamu Shafi'i (r.a.), akiwemo Imamu Nawawi, wameweka masharti ya mwaliko unaomlazimu mtu kuitika. Tunataja matatu yanayohusu mada yetu.

Kwanza, mwaliko uwe umemlenga mtu mahsusi. Mwenye shughuli amekutaka wewe, amekuja mwenyewe au ametuma mjumbe kwako. Ama akifungua mlango na kusema anayetaka aje, huo haumfungi mtu yeyote kuitika.

Pili, asikualike kwa kukuogopa wala kwa tamaa ya kunufaika na cheo chako. Akualike kwa mapenzi na heshima.

Tatu, pasiwe na munkar huko unakoitwa. Kama kuna jambo la haramu na huwezi kuliondoa, huna wajibu wa kwenda.

Sasa tuuchukue mwaliko wa mchezo tuupitishe kwenye masharti hayo matatu.

NANI HASA ANAYEALIKA?

Ili tujibu, ni lazima tuelewe mialiko hii ilivyotengenezwa. Mwaka 2009, mwezi wa Juni, mambo mawili yalitokea karibu kwa pamoja. Facebook ilianza kupatikana kwa Kiswahili, na kampuni ya Zynga ya Marekani ikatoa ndani ya Facebook mchezo uitwao FarmVille. Huo ulikuwa mchezo wa kulima. Mchezaji anapanda, anasubiri, anavuna. Akichelewa kurudi, mazao yananyauka. Akitaka kupanua shamba haraka, anatakiwa awe na majirani wa kutosha, na jirani katika mchezo huo ni rafiki yako wa Facebook aliyekubali kujiunga. Kwa hiyo kila mkulima alikuwa anahimizwa na mchezo wenyewe aende kuwagongea wenzake. Kufikia mwanzoni mwa mwaka 2010 wachezaji walikuwa wamezidi milioni 80 kwa mwezi. Fikirini ni milango mingapi iliyogongwa.

Mwaka 2012 ukaja mchezo wa peremende, Candy Crush Saga, wa kampuni ya King. Huu unampa mchezaji roho tano. Akishindwa anapoteza roho moja, na roho moja hurudi baada ya nusu saa. Zikiisha zote ana njia tatu: asubiri, alipe pesa, au awaombe rafiki zake wamtumie. Kusubiri kunamuudhi, pesa hana, basi anabonyeza kuomba. Anachagua jina moja au anachagua yote, na kuchagua yote ni kubonyeza mara moja tu. Hapo watu hamsini wanalia simu zao mahali hamsini, na yeye hata hakumbuki majina yao.

Sasa tuulize: je, mwaliko huo umemlenga mtu mahsusi? Haukumlenga. Ametumiwa kila aliyekuwa kwenye orodha. Je, umetoka kwa mapenzi na heshima? Umetoka kwa sababu roho zimekwisha. Mwalikaji hakutaki wewe, anataka kitu kipite kwako kimfikie. Na juu yake yupo mwalikaji mkubwa zaidi, ambaye ni kampuni, na kampuni inataka hesabu ya wachezaji iongezeke. Ndugu yako amefanywa mpiga hodi wa kampuni bila mshahara.

Wala msidhani kuwa wenye mtandao hawakuliona hili. Facebook ilipotaka kuuza hisa zake mwaka 2012, maelezo yake yenyewe yalionesha kuwa katika kila dola 100 ilizopata mwaka 2011, dola 12 zilitokana na Zynga peke yake. Mlango unaoingiza fedha kiasi hicho haufungwi upesi. Tarehe 28 Oktoba 2015 mwenye Facebook, Mark Zuckerberg, alikutana na wanafunzi wa chuo cha IIT mjini Delhi, India. Swali lililopigiwa kura nyingi kuliko yote halikuwa la elimu wala la ajira. Lilikuwa la namna ya kuacha kupokea mialiko ya Candy Crush. Alikiri kuwa zilikuwepo njia zilizopitwa na wakati zinazoruhusu mialiko kupelekwa kwa watu wasiocheza, akaahidi kuwa watu wake watalishughulikia. Basi ikiwa vijana wa chuo kikuu cha sayansi nao walishindwa, mwanafunzi wa Oloipiri asijione mjinga kwa kuuliza.

LA TATU NDILO KUBWA

Tumebakiwa na sharti la munkar. Hatusemi kila mchezo ni haramu. Kupanga peremende kwa rangi kuna hasara ya wakati, na wakati ni amana, lakini si kamari kwa asili yake. Ila mialiko inayokuja siku hizi imebadilika. FarmVille ile ya kwanza ilifungwa tarehe 31 Desemba 2020. Mwaliko wa leo mara nyingi ni linki iliyotupwa kwenye kundi la WhatsApp: jiunge na kundi la mikeka, zungusha gurudumu upate zawadi, weka kidogo utoe kikubwa, tumia namba yangu ya mwaliko ili mimi na wewe tupate bonasi. Maneno ni ya mchezo, kilichomo ni kamari. Na hukumu ya kamari mnaijua, imo katika Suratul Maida, aya ya 90 na 91, ambapo imetajwa pamoja na ulevi, na ikaelezwa kuwa shetani huitumia kutia uadui baina ya watu. Hata sheria ya nchi yetu, Sheria ya Michezo ya Kubahatisha ya mwaka 2003, haimruhusu aliye chini ya miaka 18 kucheza. Karibu nyote mnaosoma gazeti hili mko chini ya umri huo. Kwa hiyo anayekutumia linki hiyo anakuita kwenye jambo ambalo dini imelikataza kwa wote, na serikali imelikataza kwako.

Na angalieni ile bonasi ya mwaliko. Mwenzako analipwa kwa kukuingiza. Ukipoteza, yeye alishapata. Uadui uliotajwa katika aya unaanzia hapo, kwa sababu aliyepoteza hataikumbuka kampuni, atalikumbuka jina lililokuwa juu ya linki. Tumeshuhudia wanafunzi wawili waliokuwa wakikaa mkeka mmoja na kusomeana juzuu wakikaa mbalimbali muhula mzima kwa sababu ya shilingi elfu tatu na linki moja.

"NI KUBONYEZA MARA MOJA TU"

Wapo wanaotetea wakisema: ni kumsaidia mwenzio, unabonyeza mara moja, unakupunguzia nini? Tunasema kinachopungua ni vitu vitatu.

Cha kwanza ni amana ya habari za watu. Mwaka 2014 palitolewa ndani ya Facebook programu ya maswali ya kuipima tabia ya mtu. Waliojibu walikuwa kama laki mbili na elfu sabini. Lakini kwa utaratibu wa wakati ule, aliyejibu alifungua mlango wa habari za rafiki zake pia, ambao hawakuulizwa chochote. Facebook yenyewe ilikuja kueleza mwaka 2018 kuwa huenda habari za watu hadi milioni 87 zilichukuliwa, na zikafika kwa kampuni ya Uingereza iitwayo Cambridge Analytica, iliyokuwa ikifanya kazi za kampeni za siasa. Mkubwa mmoja wa kampuni hiyo alirekodiwa akijigamba juu ya kazi waliyofanya katika chaguzi za jirani zetu Kenya za mwaka 2013 na 2017. Mwaka 2019 Facebook ilitozwa na serikali ya Marekani faini ya dola bilioni 5. Utaratibu ule wa kuchukua habari za marafiki ulishafungwa, lakini somo limebaki. Unapobonyeza kukubali programu usiyoijua, huenda unatoa ambacho si chako peke yako. Namba ya mama yako iliyomo katika simu hiyo ni amana.

Cha pili ni usikivu wa nyumba. Wengi wenu hamna simu zenu. Mnashika simu ya baba, ya mama au ya kaka, na simu hiyo ndiyo masikio ya nyumba nzima. Kwa simu hiyo baba aliyeko mnadani anaeleza bei ya ng'ombe, kwa simu hiyo inakuja habari ya ndugu aliyelazwa Wasso. Simu ikilia mara ishirini kwa ajili ya peremende na mikeka, mara ya ishirini na moja hakuna anayenyanyuka kuitazama. Tena umeme wake ni wa sola na bando lake limenunuliwa kwa pesa ya maziwa. Mchezo hauulizi hayo.

Cha tatu ni hodi. Katika Suratun Nur, aya ya 27 na 28, tumefundishwa tusiingie nyumba za watu mpaka tuombe ruhusa na kutoa salamu, na tukiambiwa turudi, turudi bila kinyongo. Na katika hadithi ya Abu Musa (r.a.) tumefundishwa kuwa hodi ni mara tatu, basi. Mchezo hauhesabu. Unabisha mara thelathini, na ukiambiwa rudi, unakuja kesho kwa sauti ya mtu mwingine unayempenda.

Wapo pia wanaokwenda upande wa pili, wakasema dawa ni kuitupa simu. Hatukubaliani nao. Huku kwetu, ambako kutoka boma hadi boma ni mwendo, simu imeunga udugu ambao miguu isingeuunga kila siku. Kila boma lina mlango, na jioni mifugo ikishaingia mlango huzibwa kwa miiba. Hakuna jirani aliyewahi kukasirika kwa miiba ile. Anajua imewekwa kwa ajili ya fisi, na yeye akifika akaita, atafunguliwa. Nasi tunachowataka ni mlango wenye miiba, hatuwataki mhame boma.

TUFANYE NINI?

1. Anza kwa kumwambia mwenyewe. Kama ni ndugu au rafiki unayemwona, mwambie uso kwa uso, tena faraghani: "Ndugu yangu, mialiko ile ya mchezo sipendi kuipokea, usinitumie, lakini salamu nitume kila siku." Wengi hawajui kabisa kuwa simu zao zimetuma. Kama ni mkubwa wako, mfano mjomba au kaka, tanguliza shikamoo na heshima, kisha useme kwa njia ya ombi. Ukiona haya, mpitishie mtu mzima.

2. Zuia mchezo. Katika Facebook, arifa ya mwaliko inapokuja, bonyeza vile vidoti vitatu vilivyo pembeni yake, uchague kutopokea arifa za aina hiyo. Kisha ingia kwenye mipangilio, tafuta sehemu ya programu na tovuti, uondoe kila programu usiyoijua au usiyoitumia. Majina ya sehemu hizi hubadilika, lakini maneno ya kutafuta ni arifa, kuzuia na programu.

3. Funga mlango wa makundi. Katika WhatsApp, ingia mipangilio, halafu faragha, halafu makundi. Hapo utachagua nani anaweza kukuingiza kwenye kundi: kila mtu, watu walio katika orodha yako tu, au hao isipokuwa wachache unaowataja. Njia hii ipo tangu mwaka 2019, na wengi hawajawahi kuifungua. Kundi la mikeka uliloingizwa bila kuulizwa, toka. Kutoka huko hakuhitaji kuaga.

4. Simu ikiwa ya mzazi, omba ruhusa kwanza, kisha umfundishe. Katika simu nyingi za Android, ukiigandamiza arifa kwa muda inakupa njia ya kuinyamazisha. Mfanyie mama yako kazi hiyo, na hiyo ni katika kuwafanyia wazazi wema.

5. Mwaliko ukitaka pesa, usitume hata shilingi, na usitoe namba ya siri. Ujumbe wa kitapeli unaokuja kwenye laini upeleke namba 15040, iliyowekwa na Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA) kwa ajili ya kuwaripoti matapeli. Aidha, tunayo sasa Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, na ipo Tume inayoisimamia. Namba yako ya simu ni katika taarifa hizo.

6. Akiwa ameambiwa, na anaendelea, na anachotuma ni kamari, hapo mzuie katika simu. Lakini mkikutana msikitini, dukani au njiani, mtolee salamu wewe kwanza. Tumekatazwa kumhama ndugu yetu zaidi ya siku tatu, na kumzuia katika kioo hakukupi ruhusa ya kumpita barabarani kama humuoni.

NA KWAKO UNAYETUMA

Tumewasemea wanaopokea, tumalizie kwa wanaotuma, maana wote wamo humu. Kabla hujabonyeza palipoandikwa alika wote, jiulize kama ungeweza kwenda kwa miguu kwenye milango ya watu wote hao kuwaambia hicho unachotaka kuwaambia. Je, ungekwenda kwa shangazi yako usiku kumwambia akupe roho ya peremende? Ungemwendea maalim wako kumwita kwenye mikeka? Kama miguu ingeona haya, na kidole kione haya.

Na mtu akikataa mwaliko wako, usimnunie. Amekataa mchezo, wewe hajakukataa. Ukitaka kumwalika kweli, unajua njia: njoo mwenyewe, mtaje kwa jina lake, mwite kwenye jambo la kheri, iwe chai, darasa au kumtazama mgonjwa. Mwaliko wa namna hiyo, wallahi, hatujaona anayeuzuia.

Tunamuomba Allah (s.w.) atujaalie wenye kutimiza haki za ndugu zetu, atulindie ndimi zetu na vidole vyetu, na ajaalie simu hizi ziwe za kuunga udugu.

Wabillahi tawfiq.
Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.